Harusi ya Watu Wawili na Mratibu Wake

“Tumsifu Yesu Kristo, Frateri. Naomba unisaidie jambo, ila mama asijue kwanza.”

Ujumbe huo niliukuta Jumamosi moja ya Kwaresima, siku ambayo hapa seminarini tunarudishiwa simu kwa saa chache. Aliyeuandika ni binti wa mama yangu mdogo, ambaye kwa desturi ya kwetu ni dada yangu tu, hakuna neno jingine. Amezaliwa Kyerwa, upande wa Kaisho, na sasa anafanya kazi Dar es Salaam. Chini ya salamu yake kulikuwa na mafaili matatu. Niliyafungua nikidhani ni barua za kuomba kazi anataka nimsomee; nikakuta bahari. Matao ya maua juu ya mchanga mweupe, meza ya watu wawili, mishumaa, na jahazi limewekwa nyuma kama pambo. Yalikuwa makadirio ya gharama kutoka kwa waratibu watatu wa harusi. Dada na mchumba wake walikuwa wameamua kwenda Unguja kufunga ndoa wao wawili, bila kamati, bila sendofu, bila ukumbi, wakae siku nne katika hoteli ya kifahari, warudi na picha na cheti. Swali lake lilikuwa fupi: “Nimchukue yupi?”

Nina miaka 25, nasoma falsafa, na bahari nimeiona mara moja maishani. Alisema ameniuliza mimi kwa sababu ni mtu wa kanisani na sina cha kupata katika biashara ile. Tangu siku hiyo mama mdogo ameshajua, na dada ameniruhusu kuandika mradi nisimtaje jina. Naandika kwa sababu naona swali lake si la watu wa mjini peke yao. Huku kwetu Karagwe na Kyerwa vijana wanatoroshana usiku, bila mratibu na bila mishumaa, na mara nyingi wanakimbia kitu kilekile.

Niseme wazi kwamba sikumlaumu. Anayetaka kuoa leo pale Omurushaka au Nkwenda anaanza na kamati: mwenyekiti, katibu, mweka hazina, vikao vya Jumapili jioni, soda za vikaoni (soda nazo zina bajeti yake), kadi za mchango, na daftari la ahadi linalosomwa kwa sauti ili aliyeahidi kidogo aone haya. Kisha mshereheshaji, muziki, gari la maharusi, mpiga picha, mpiga video, keki, sare za akina mama. Upande wa bibi harusi wana sendofu yao na kamati yao. Kwa mshahara wa mwalimu, au kwa kahawa ya ekari mbili, hesabu hiyo haitoki. Hapo ndipo watu wanapoingia kwenye butura: kahawa inauzwa ingali mtini, wakati mwingine ingali maua, kwa bei anayoipanga mnunuzi. Serikali imeipiga marufuku butura, na bado kila mtu kijijini kwetu anaijua nyumba iliyouza. Baba mdogo aliuza hivyo kwa ajili ya harusi ya kaka mkubwa wa huyu dada. Watu walikula siku moja. Yeye alichuma kahawa isiyo yake misimu miwili. Dada alikuwa kidato cha tatu, na ada iliyochelewa ilikuwa yake. Kwa hiyo anaposema hataki kamati, anajua anachokisema.

Muhula huu tumesoma Maadili ya Nikomako ya Aristotle. Katika kitabu cha nne anaeleza fadhila ya mtu anayejua kutumia fedha nyingi kwa jambo kubwa na kwa namna inayolistahili, na harusi anaitaja kati ya mambo hayo, kwa kuwa hutokea mara moja. Lakini anamchora pia yule asiye na kipimo, ambaye akiwaalika wenzake wa chama kwa chakula cha kawaida anaandaa kana kwamba ni karamu ya harusi, ili aonekane ana mali. Darasani tulicheka sana. Mwenzetu mmoja akasema huyo Mgiriki lazima alialikwa kwenye kicheni pati. Sisi tumempita hata yeye: harusi yenyewe sasa tunaiandaa kwa kipimo cha maadhimisho ya kitaifa.

Basi nikayasoma makadirio yale matatu mstari kwa mstari. Nitayaeleza, kwa sababu najua wapo wasomaji wa gazeti hili, au watoto wao walio mijini, wanaofikiria jambo hilohilo.

Mratibu wa kwanza alikuwa wa bei nafuu kuliko wote. Ofisi yake iko Dar es Salaam. Kwa kusoma vizuri niligundua kwamba huko Unguja hana mtu wake. Anachukua fedha yako, anakata sehemu yake, kisha anamtafuta mwenyeji wa kuifanya kazi. Si dhambi, udalali ni kazi. Ila siku mvua itakaponyesha au maua yakakosekana, utampigia simu mtu aliye ng’ambo ya maji. Tena aliahidi punguzo iwapo maharusi watamruhusu kuweka picha zao Instagram siku hiyohiyo ya ndoa. Hapo nilisimama. Dada ananiambia mama asijue, halafu anakaribia kumpa punguzo mtu atakayemjulisha mama, na watu wengine wote wa Kaisho wenye simu, kabla jua halijazama.

Wa pili alikuwa ghali. Kwa bei yake kijana wa kwetu angejenga nyumba ya matofali ya kuchoma na kuiezeka. Kila kitu kilikuwemo: hoteli, boti, mpiga zeze, hata “mfungishaji” wa kuwaongoza maharusi katika viapo. Nikamwomba dada aulize huyo mfungishaji ni nani. Jibu lilikuja kesho yake: ni mfanyakazi wa hoteli mwenye sauti nzuri. Walichokuwa wanauziwa ni sherehe ya ishara. Wangesimama mchangani, wangevishana pete, wangelia, wangepiga picha, na jioni wangelala wakiwa wachumba kama walivyoamka. Hakuna lililofungwa, si mbele ya Kanisa wala mbele ya serikali. Wageni wengi wanaokuja Zanzibar kutoka Ulaya hawajali, maana huwa wamekwisha kufunga ndoa yao kwenye ofisi ya mji wao kabla ya kupanda ndege. Dada alidhani yale ndiyo ndoa.

Wa tatu ni mama mmoja anayeishi Unguja. Kabla ya kutaja bei aliuliza maswali: ninyi ni dini gani, parokia yenu ni ipi, mmetoa taarifa ya ndoa wapi, wazazi wanajua? Akauliza pia tarehe kamili, kwa sababu pwani ya mashariki ya Unguja, kama Paje na Jambiani, maji yakipwa yanarudi mbali sana, na maharusi waliolipia bahari wanajikuta wamesimama mbele ya mwani na mawe. Mwenzangu wa darasa aliyekulia Tanga alipolisoma hilo alitikisa kichwa, akasema huyu ndiye anayejua kazi, wale wawili wanajua kuchapa picha. Akawaonya pia wasiende masika, na kama ni Ramadhani basi wajue namna ya kuvaa na kula mbele ya wenyeji. Dada alikuwa amemweka wa mwisho. “Ana maswali mengi,” aliandika.

Mimi nilimweka wa kwanza, kwa sababu hiyohiyo.

Maswali yake hayakuwa ya udaku. Sheria ya Ndoa ya mwaka 1971, tuliyoizoea, ni ya Tanzania Bara. Zanzibar ina sheria yake. Mratibu asiyekuambia ndoa yako itaandikwa katika ofisi gani na chini ya sheria ipi anakuuzia pambo. Hata huku Bara taarifa ya kusudio la kufunga ndoa inatakiwa itolewe siku 21 kabla, kwa hiyo anayekuahidi ndoa ya wiki ijayo muulize anapitia wapi. Kwa Mkatoliki kuna zaidi. Kanuni ya 1108 ya Sheria ya Kanisa inadai ndoa ifungwe mbele ya askofu wa mahali au paroko, au padri au shemasi aliyepewa mamlaka na mmoja wao, na mbele ya mashahidi wawili. Kufungia nje ya parokia zenu kunawezekana, mkipata ruhusa ya paroko wenu. Kanisa Kuu la Mtakatifu Yosefu liko palepale Mji Mkongwe, na wanaotoka Bara wanaweza kufungia hapo kwa taratibu za kawaida: vyeti vya ubatizo, mafundisho, matangazo, barua ya paroko. Ufukweni ni jambo jingine. Ndoa ya Wakatoliki mahali pake ni kanisani, na ni askofu wa mahali pekee anayeweza kuruhusu mahali pengine panapofaa. Mratibu anayekuambia “padri tutampata tu” bila kutaja ruhusa hizo anakuandalia ndoa ambayo huenda isiwe ndoa.

Nilipomwandikia haya yote dada alijibu kwa hasira kidogo, na alikuwa na haki. Naliweka jibu lake hapa kwa kuwa lilinichoma: “Frateri, mnatuambia harusi zetu ni ghali. Siku ya upadrisho wako hakutakuwa na kamati?”

Itakuwepo. Sote tunajua. Kwa shemasi anayekaribia upadrisho kuna kamati ya parokia na kamati ya kijiji, kadi za mchango, sare, ng’ombe, hema, muziki, na minong’ono kuhusu zawadi ya gari. Nimehudhuria sherehe hizo nikila pilau bila swali lolote la kifalsafa. Sijui ni kwa uso gani nitamfundisha mchumba kiasi, ikiwa misa yangu ya kwanza itawaacha waamini wangu na madeni. Nadhani jambo hilo tulijadili sisi wenyewe hapa nyumbani kabla ya kuwapelekea maparokia mawaidha.

Lakini kuna kitu dada hakukiona, nami sikukiona mpaka baada ya Pasaka, alipojipa moyo na kumwambia mama yake. Nilikuwepo nyumbani kwa likizo. Nilitarajia mama mdogo atalia au atataja Kanisa. Hakufanya lolote. Aliingia chumbani akatoka na daftari la mistari lililochakaa, akalifungua juu ya meza na kuwasha spika ya simu ili binti yake asikie. Akaanza kusoma. Harusi ya binti wa jirani, elfu thelathini na mkungu wa ndizi. Harusi ya mtoto wa katekista, elfu hamsini. Sendofu ya fulani, kitenge na elfu ishirini. Miaka kumi na minane ya michango, kwa mwandiko wake, na mengine kwa mwandiko wangu, maana nikiwa mdogo nilikuwa katibu wake. Alipomaliza alisema tu: “Mwanangu, hawa wote nimewakopesha wewe.”

Sijasoma uchumi, lakini nililielewa daftari lile. Michango ya harusi tunayoilaumu ni mkopo unaozunguka. Mama anaweka kwa wenzake miaka yote ili siku moja warudi kwake, wakiwa na fedha na, zaidi ya fedha, wakiwa na miguu yao. Binti akienda kufunga ndoa Unguja na mratibu, hajaokoa gharama za mtu ila zake. Mama anabaki na daftari lisilolipwa, na mbaya zaidi, anabaki kuwa mwanamke ambaye watu hawakufika kwake. Kwa hiyo hesabu ya mratibu yeyote ina mstari mmoja usioandikwa. Nasema hivi bila kusema mama ana haki ya kumlazimisha binti. Yule aliyekosa ada kwa sababu ya harusi ya kaka yake hadaiwi kulilipa daftari. Nasema tu kwamba anayekimbia ajue anamwachia nani bili.

Nifike sasa kwenye jambo lililonifanya niandike.

Mratibu wa kwanza wa harusi ya watu wawili niliyemfahamu ni mimi mwenyewe. Nilikuwa na miaka 13. Dada yangu wa tumbo moja alikuwa na miaka 20. Usiku mmoja aliniamsha akanipa begi nilibebe mpaka barabarani, maana mbwa wa nyumbani walinizoea nikitoka usiku na wasingebweka. Kijana alikuwa anasubiri na pikipiki chini ya mwembe, taa imezimwa. Akanipa shilingi mia tano na maandazi mawili. Nilirudi nikalala, na asubuhi mama alipouliza nikasema sijui. Hiyo ndiyo ilikuwa arusi yote: begi, pikipiki, maandazi, na shahidi mmoja ambaye hakuwa na umri wa kuwa shahidi na ambaye alikana.

Wanaishi ng’ambo ya Nkwenda. Wana watoto watatu, wote wamebatizwa. Shemeji ni mtu mwema, analima maharage na kahawa, hajawahi kumpiga. Na kwa miaka kumi na miwili dada yangu anakwenda misa kila Jumapili, na wenzake wakipanga mstari wa Komunyo yeye anabaki kwenye benchi na mtoto mapajani, ili aonekane anabaki kwa ajili ya mtoto. Mtoto wa mwisho sasa yuko darasa la kwanza. Kisingizio kimekua.

Kwa nini hawajafunga ndoa? Si kwa sababu ya Kanisa. Paroko wao amewaambia mara mbili kwamba kinachohitajika ni mafundisho, vyeti, mashahidi wawili na wao wenyewe. Ni kwa sababu baba alisema mtoto wake hataingia kanisani kufunga ndoa “kama anakwenda sokoni”. Kwanza mahari, faini, kisha harusi ya heshima. Sheria ya nchi haimtaki hivyo. Sheria ya Ndoa inasema kutokulipwa kwa mahari hakuifanyi ndoa iwe batili. Sheria ya Kanisa haimtaki hivyo pia. Aibu ndiyo inayomtaka hivyo. Nami nilikuwa upande wa aibu hiyo. Nilipoingia seminari kuu niliwahi kumwambia dada asubiri kidogo, nikimaliza masomo tutafanya kitu kikubwa. Nilidhani namheshimu.

Tazama sasa hao dada zangu wawili. Mmoja ana fedha za kumlipa mratibu ili watu wasije. Mwingine hana fedha za kuwaleta watu, basi hafungi kabisa. Wote wawili wameamini kwamba ndoa na karamu ni kitu kimoja, na kwamba asiyeiweza au asiyeitaka karamu njia yake ni kujificha.

Na kujificha, Kanisa limekujua kwa karne nyingi. Kabla ya Mtaguso wa Trento, wawili waliokubaliana peke yao chini ya mti walikuwa mume na mke kweli, kwa kuwa ndoa hufanywa na ridhaa yao. Ubaya ulikuja baadaye: mwanamume alimwoa mmoja kwa siri, akamwacha, akamwoa wa pili mbele za watu, na yule wa kwanza hakuwa na wa kumsemea. Ndiyo maana amri ya Tametsi, mwaka 1563, ilidai paroko na mashahidi wawili au watatu, na matangazo mara tatu kabla ya ndoa. Nilipoisoma habari hiyo maktabani nilimfikiria dada yangu wa Nkwenda. Shemeji angeamua kesho kuoa mwingine kanisani, nani angesimama na kupinga? Sheria ya nchi ingemsaidia kidogo, kwa kuwa inawadhania kuwa ni mume na mke wawili walioishi pamoja miaka miwili au zaidi na kujulikana hivyo na watu. Lakini dhana inaweza kupingwa mahakamani. Shahidi wake wa pekee alikuwa mimi, na nilisema sijui.

Ajabu ni kwamba Kanisa halijafuta siri kabisa. Kanuni za 1130 mpaka 1133 zinaruhusu ndoa iadhimishwe kwa siri, ikiwa kuna sababu nzito na ya haraka na askofu wa mahali akikubali. Wachache wanalijua hilo, na dada wa Dar es Salaam alifurahi sana nilipomtajia, mpaka nilipoendelea. Hata ndoa hiyo ya siri ina padri, ina mashahidi wawili, na inaandikwa katika kitabu maalumu kinachotunzwa katika hifadhi ya siri ya jimbo. Kinachofichwa ni habari. Mashahidi hawaondolewi.

Hapo dada akakaa kimya muda mrefu, kisha akaandika kile ambacho labda alitaka kuandika tangu Jumamosi ile ya kwanza. Mchumba wake ni Mlutheri, kwao ni Karagwe. Wanaoishi huku wanajua: Dayosisi ya Karagwe ya KKKT na Jimbo letu la Kayanga wanagawana vilima vilevile, visima vilevile, na familia zilezile. Baba wa kijana ni mzee wa kanisa. Amesema hatakanyaga ndoa ya mwanawe ikifungwa kwa padri. Baba mdogo naye amesema maneno yanayofanana na hayo kuhusu mchungaji. Wawili hawa waliishiwa nguvu wakaona mchanga wa Unguja hauna dhehebu.

Kumbe gharama haikuwa sababu kubwa, wala kamati. Na hakuna mratibu kati ya wale watatu ambaye angeweza kuuweka ugomvi huo kwenye makadirio. Mchanga ungewapa siku nne. Siku ya tano mtoto atakayezaliwa ataulizwa anabatizwa wapi, na swali litakuwa limewasubiri nyumbani. Nilimweleza kwamba ndoa ya Mkatoliki na Mlutheri aliyebatizwa inahitaji ruhusa ya askofu, na yeye Mkatoliki anaahidi kufanya awezavyo ili watoto wabatizwe na kulelewa Kikatoliki, huku mwenzake akijulishwa ahadi hiyo mapema. Kukiwa na ugumu mkubwa, askofu anaweza hata kuwaruhusu wafunge kwa utaratibu mwingine usio wa padri. Lakini hapo pia Kanisa linadai ndoa iwe na sura fulani ya hadharani, la sivyo haipo. Kufunga mara mbili, leo kwa padri na kesho kwa mchungaji, hairuhusiwi. Mchungaji kuwepo na kuomba pamoja nao, hilo waombe.

Aliyelikata fundo, kwa kiasi lilivyokatika, ni yule mama mratibu wa Unguja. Dada alipomweleza yote, alimwambia afunge ndoa huko aliko, parokiani kwake Dar es Salaam, Jumamosi asubuhi, wazazi wa pande zote waalikwe na atakayekataa akatae mwenyewe. Kisha waje Unguja wapumzike siku nne, na yeye atawapangia hizo siku nne tu. Alipoteza zaidi ya nusu ya malipo yake kwa ushauri huo. Katika harusi ya Kana mkuu wa meza, ambaye tunaweza kusema ndiye aliyekuwa mratibu, hakujua divai nzuri imetoka wapi. Aliyeona imeisha alikuwa mama mmoja aliyealikwa tu. Ukinibana nikupe kipimo kimoja cha kumchagua mratibu, nitakuambia mtafute anayeona kilichopungua na anayeweza kukuambia hapana huku fedha yako iko mezani.

Barua ya kumwomba askofu ruhusa imeshapelekwa. Baba wa kijana mpaka leo hajasema kama atakuja. Mama mdogo amekubali kusafiri, zaidi ya siku nzima ndani ya basi, na amesema atabeba daftari. Sijui anataka kulifanyia nini huko.

Kwa maparokia yetu nina ombi moja, na naliomba nikijua mimi si padri wala paroko. Wekeni siku ya ndoa iliyo wazi kwa yeyote, misa ya asubuhi ya kawaida, na mlitangaze hilo madhabahuni kwa maneno yanayoeleweka: anayefunga siku hiyo hadaiwi karamu. Ndoa za pamoja huwa tunazifanya mara mojamoja, na watu wanazipokea kama huduma ya wenye shida. Laiti mtoto wa mwenyekiti wa parokia, au wa daktari, angefunga hivyo kwa hiari, wengi wanaobaki kwenye benchi wangeinuka. Na jumuiya ndogondogo zinajua kupika. Sijawahi kuona jumuiya iliyoshindwa kuwalisha watu hamsini ndizi na maharage.

Siku tatu kabla ya kurudi seminarini nilikwenda Nkwenda. Nilimwomba dada yangu msamaha kwa ajili ya kumwambia asubiri. Tulikwenda pamoja kwa baba. Mazungumzo hayakuwa mazuri, na kwa saa nzima baba alimtazama shemeji kama mtu aliyekuja kununua ng’ombe. Mwishoni alisema faini ataipokea kwa mafungu, na kwamba kanisani atakaa nyuma. Mwenyekiti wa jumuiya yao, mama mmoja mwenye sauti ya kuita watu kilima cha pili, amekubali kuwa mratibu. Ametaka vitu viwili tu: sukari ya chai na sufuria kubwa ya kuazima.

Dada ameniomba niwe shahidi. Nimeandika barua kwa Gombera kuomba ruhusa ya siku mbili, nasubiri jibu. Begi, amesema, safari hii atalibeba mwenyewe.